Ndoa Iliyosikika Mpaka Punia

Aïcha alizaliwa Kibombo, katika nyumba ya wakulima wa mpunga, msichana pekee kati ya wavulana wanne. Mama yake alifariki kabla Aïcha hajajua kufunga kilemba vizuri, na baba yake, Muzee Assani, akamlea kwa namna ya wanaume waliofiwa: kwa woga mwingi na maneno machache. Alipomaliza darasa la sita alimpandisha treni, akampeleka Kindu kwa mdogo wake Amisi, mshonaji wa kanzu na sare za shule, akasome.

"Soma," alimwambia kituoni. "Shamba halikimbii."

Aïcha alisoma. Alibakiza mwaka mmoja apate diploma, vita vikaingia mjini, shule ikafungwa, na yeye akakaa kwa baba yake mdogo akishona vifungo na kupiga pasi ya makaa. Mbele ya nyumba ile, chini ya kibanda cha mabati mawili, palikuwa na fundi wa baiskeli aitwaye Sudi. Siku zile baiskeli ndizo zilizokuwa malori ya Maniema. Mtu alisukuma mafuta ya mawese na mchele kutoka mbali kwa mikono na mabega, na fundi mzuri alijulikana kuliko daktari. Sudi alikuwa mzuri. Ila baiskeli ya Amisi, kwa sababu isiyoelezeka, ilikuwa haiponi mikononi mwake.

"Baiskeli moja inaharibika mara ine kwa juma?" Amisi alimuuliza siku moja. "Ao kuna kingine unatengeneza hapa kwangu?"

Sudi alishika kofia yake kwa mikono miwili, akasema kweli: kuna kingine. Wazee wake wakaja, wakaongea. Barua ikaenda Kibombo na msukuma baiskeli mmoja, jibu likarudi baada ya wiki tatu. Muzee Assani amekubali. Wangojee mavuno, kisha yeye mwenyewe atakuja na mpunga na mbuzi, aozeshe binti yake kwa mkono wake, watu wale mpaka wachoke.

Mavuno hayakungoja mtu, lakini njia ilifungwa. Katika mwaka ule wa 2002 Kindu iligeuka kisiwa kwenye nchi kavu. Wanajeshi walikuwa ndani, Mai-Mai, wapiganaji wa msituni, walikuwa nje, na mwananchi aliyevuka nyumba za mwisho kwenda shambani kwake hakujua kama atarudi. Treni ilishasahaulika, nyasi zimeota kati ya reli. Chumvi ilikwisha. Watu walikula sombe, majani ya muhogo, bila chumvi wala mawese, wakijilazimisha kumeza kama dawa. Amisi, aliyekuwa na watu tisa mezani, alianza kukata kanzu za zamani kushona za watoto, maana vitambaa havikuja tena.

Kisha ikaanza hofu nyingine. Wasichana wawili wa mtaa ule walichukuliwa, na mmoja tu akarudi. Amisi alimwita Sudi pembeni.

"Mlango yangu ni ya mbao," alimwambia. "Hauzuii bunduki. Askari wako naheshimu kidogo mwanamuke mwenye bwana. Kidogo. Lakini hiyo kidogo naitaka. Oa sasa. Karamu itakuja siku yake."

Walikwenda kwa Shehe Lukali, mzee mwembamba aliyesomesha Kurani mtaani tangu enzi za Wabelgiji. Aliwasikiliza mpaka mwisho, kisha akatikisa kichwa.

"Baba yake iko hai," alisema. "Nyinyi wote munajua mahali iko. Walii akiwa hai, siwezi kumuruka kama mutaro. Nipatieni neno lake, kwa kinywa chake."

Kwa kinywa chake! Mtu wa Kibombo, na kati yao msitu, mito na bunduki za pande mbili. Wanaume walirudi nyumbani vichwa chini. Aïcha ndiye aliyesema, akiwa jikoni, bila kugeuka:

"Na foni je?"

Foni ilikuwa sokoni, kwenye chumba kimoja cha matofali: redio kubwa ya kuongea na mbali, betri mbili za gari, waya mrefu uliofungwa kwenye minazi miwili nyuma ya nyumba. Mtu akibonyeza kitufe ndiye husema. Akiachia, upande wa pili hujibu. Mwenye kuiendesha alikuwa Célestin, Mkristo wa Alunguli, ng'ambo ya mto, mtu wa sauti nzito aliyebeba vifo, vizazi na salamu za nusu ya jimbo kifuani mwake. Watu walipanga foleni tangu alfajiri, na mlangoni alikaa mwanajeshi wa kusikiliza yanayosemwa.

Célestin alipoambiwa, alikuna kidevu. "Nimetangaza kilio mingi humu ndani," alisema. "Harusi, hapana. Muniachie siku tatu nimutafute muzee."

Zilikuwa nne. Alhamisi, saa tatu asubuhi, waliingia kwenye chumba kile: Aïcha na mke wa Amisi, Sudi, Amisi, Shehe Lukali na mashahidi wawili, jirani mmoja na muadhini wa msikiti. Saba, na Célestin wa nane. Mwanajeshi wa mlangoni, kijana mwenye macho mekundu ya kukosa usingizi, aliuliza mkusanyiko huu ni wa nini.

"Ndoa," akajibu shehe.

"Kwenye foni?"

"Kwenye foni."

Kijana aliwatazama mmoja mmoja, kisha akasogeza kiti chake apate kuona vizuri.

Célestin alikamata kipaza sauti. Mawimbi ya asubuhi yalijaa watu kama soko: huyu anataka bei ya mchele, yule anatafuta ndugu. Alibonyeza. "Vituo vyote, vituo vyote, hapa Kindu. Naomba munipatie nafasi dakika kumi. Kuna ndoa. Baba ya bibi harusi iko Kibombo. Tafazali. Naachia."

Kelele ikapungua, ikapungua, ikabaki mkwaruzo mtupu. Kisha ikatoka sauti ya mzee, mbali kama imetoka ndani ya mtungi.

"Kindu, hapa Kibombo. Njo miye Assani. Aïcha yangu iko hapo? Naachia."

Ilikuwa mwaka wa nne Aïcha hajaisikia. Aliziba mdomo kwa pembe ya kilemba. Shehe Lukali akamwinamia Célestin, akasema asikubali haraka. Sauti peke yake haitoshi, aulize jambo ambalo baba mzazi tu analijua. Célestin akauliza.

Halafu mzee akacheka, na kicheko chake kilikatika-katika njiani.

"Alikuwa na miaka saba. Hakutaka masomo siku ile. Kijiji muzima tukamutafuta mupaka magaribi. Tulimukuta ndani ya ghala ya mupunga, amelala, na kuku juu ya tumbo yake. Muulizeni kama nasema uongo. Naachia."

Wote walimgeukia Aïcha. Alikuwa analia na kucheka mara moja. "Ni baba," alisema. "Na yule kuku alikuwa ametaga."

Hata mwanajeshi alicheka.

Basi mambo yakaenda kama yanavyotakiwa. Muzee Assani alimtaja mdogo wake Amisi kuwa wakili wake, neno kwa neno, na shehe akamwomba arudie ili mashahidi wasikie vizuri. Aïcha aliulizwa kama ameridhia, akasema ameridhia. Mahari yalikuwa msahafu na doti mbili za kitenge alizozificha mama yake Sudi tangu kabla ya vita. Amisi alikamata mkono wa Sudi, mkono wenye grisi isiyotoka kwenye kucha, akamwozesha, na Sudi akajibu kwa sauti kubwa mno, maana aliogopa Kibombo wasisikie. Célestin alikuwa amebonyeza kitufe muda wote, kidole kikiwa cheupe.

Mwisho mzee aliomba dua. Hakuwa mtu wa maneno mengi, na dua yake ilikuwa fupi. Aliomba Mungu awalinde hawa wawili, awape kula, awape watoto wasiojua kukimbia. Kisha akasema, "Na kila mutu mwenye kutafuta wake leo, umurudishie. Amina." Akamaliza kwa neno moja la Sudi peke yake: "Walima, karamu ya ndoa, njo yangu. Nitakuja nayo mimi mwenyewe."

Walipotoka, mwanajeshi alimshika Sudi bega. "Miye pia nilikuwa na muchumba," alisema, akarudi kwenye kiti chake.

Chakula cha harusi kilikuwa ndizi za kuchoma na maji ya mchaichai yasiyo na sukari. Vikombe vilikuwa vitatu, wakapokezana. Jirani mmoja, aliyesikia habari, alileta chumvi imefungwa kwenye kipande cha jani, kiasi cha kujaza kisoda, akasema hiki ndicho alichobaki nacho. Aïcha hajaisahau chumvi ile mpaka leo. Anasema hajapewa zawadi kubwa zaidi. Walihamia chumba cha Sudi nyuma ya kibanda, na mlango wake pia ulikuwa wa mbao. Mungu aliulinda alivyojua mwenyewe.

Vita vilipungua kidogo kidogo, kama maji ya mafuriko: leo yametoka barazani, kesho yametoka uani. Njia zikafunguka. Treni ikapita tena, na katika mojawapo ya zile za kwanza alishuka Muzee Assani na gunia la mpunga begani, akitafuta karamu aliyoiahidi. Lakini siku ile mtoto wa kwanza wa Aïcha alikuwa hospitali na malaria kali, nao wakala mpunga ule wakiwa wanamuuguza. Mtoto akapona. Mwaka uliofuata paa liling'olewa na upepo. Uliofuata, Amisi akafa, na nani angepika pilau juu ya matanga? Kila mwaka ulikuja na lake. Walipata watoto wanne. Aïcha alianza kuuza mchele wa Kibombo sokoni, ule anaotumiwa na kaka zake kwa treni, na wateja wake humwita Mama Kibombo. Sudi aliacha baiskeli akaingia kwenye pikipiki. Habari ya karamu ikawa kitu cha kuchekea, kisha kitu cha kuonea haya, kisha hawakuizungumza tena.

Mwaka jana Muzee Assani, akiwa amepita miaka themanini na magoti yamemchoka, alihamia Kindu kwa binti yake. Wiki ya pili tu, wakiwa wanakula mchana, aliweka kijiko chini.

"Sudi."

"Baba."

"Nilikuozesha, ao sikukuozesha?"

"Uliniozesha, baba."

"Basi walima ya watoto wangu iko wapi? Kaka zake Aïcha wameshavuna. Mupunga nimekuja nao."

Sudi alimtazama mkewe, kisha watoto, ambao walikuwa wanaminya vicheko. "Baba, tuko na mvi sasa. Watu watatucheka. Mutoto mukubwa anaweza kuoa kesho."

"Mvi hazikatazi kula," alisema mzee, akachukua kijiko chake.

Aïcha alidhani yeye mwenyewe atakataa. Alishangaa kuona anataka. Alitaka kwa nguvu, kama mwali wa jana. Walikubaliana watu sitini: ndugu, majirani, wenzake wa sokoni, mafundi wenzake Sudi. Na Célestin bila shaka. Célestin alikuwa bado Alunguli, foni imekufa zamani tangu simu zilipoingia, yeye sasa anachaji betri za simu za watu kwa paneli ya jua. Sudi alivuka mto akampelekea mwaliko. Célestin aliomba ruhusa awaambie rafiki zake wachache. Kulikuwa na kundi la WhatsApp, alisema, la wale walioendesha foni zamani, wazee watupu, wanatumiana picha za wajukuu.

"Waambie," alisema Sudi. Alifikiri watakuwa wawili au watatu.

Karamu ilikuwa Jumamosi mchana, kwenye uwanja wa nyuma ya nyumba, chini ya maturubai ya kuazima. Kufika saa sita viti sitini vilikuwa vimekwisha, na watu bado wanaingia. Alikuja bwana wa mji wa Kama na mkungu wa ndizi juu ya pikipiki, akajitambulisha kuwa Désiré, aliyekuwa na foni ya kule machimboni. Walikuja wa Kibombo, gari zima la treni kama alivyosema mtu kwa utani, na kati yao yule aliyemfuata Muzee Assani shambani siku ile kumwita kwenye foni. Walikuja watu ambao Aïcha hakuwajua kabisa, wanawake waliovaa vizuri, wazee wenye fimbo, kila mmoja akisalimu kana kwamba wamepotezana juzi tu.

Aïcha aliingia jikoni amechanganyikiwa. "Pilau haitatosha," aliwaambia wanawake. "Hawa ni nani?"

Déborah, jirani yake, mwalimu wa watoto wa Jumapili kanisani, aliuendea ukuta wa uani. Aliwaita majirani kwa sauti, na baada ya nusu saa masufuria yalikuwa yanaingia kwa kila mlango: wali mweupe, maharage, samaki wa mto, sombe iliyokaangwa kwa mawese na chumvi ya kutosha.

Ndipo alipoingia mwanamke mmoja mrefu, vumbi mpaka kwenye kope, amebeba kifurushi. Alisimama mlangoni mwa jiko.

"Aïcha ni nani hapa?"

"Njo miye, mama. Karibu."

"Miye ni Jeannette. Nimetoka Punia." Aliweka kifurushi chini. Ilikuwa nyama ya kukauka na asali ya msituni. "Siku tatu njiani. Pikipiki ilituangusha mara mbili."

Aïcha alimpa kiti na maji, akangoja. Mtu hasafiri siku tatu katika barabara ile kwa ajili ya pilau.

"Siku yako ile nilikuwa kwenye foleni," Jeannette alisema. "Kwetu Punia. Nilikuwa natafuta bwana yangu, alikuwa ameenda na mizigo upande wa Kindu, miezi tano sina habari. Nikafika mbele, mwenye foni akainua mukono: munyamaze, Kindu kuna ndoa. Tulikuwa watu karibu makumi tatu. Tukanyamaza. Tukamusikia baba yako, tukasikia mambo ya kuku, tukacheka. Sijacheka miezi tano. Halafu akaomba. Aliposema kila mutu mwenye kutafuta wake, wote pale tukaitika amina. Wakristo, Waislamu, wote. Miye nilisema kwa sauti kupita wote."

"Alirudi?" Aïcha aliuliza.

Jeannette alitikisa kichwa. "Hakurudi. Nilijua baadaye. Lakini siku ile nilikwenda nyumbani, nikapikia watoto, nikalala usingizi wa kweli. Nilikuwa nimeacha kutaka kuishi, mama. Sikuwahi kumuambia mutu. Basi niliposikia kwa yule mwenye foni wetu muko mnafanya karamu, nikasema, harusi ile nilikuwa ndani, nitakosaje kula?"

Aïcha alipiga magoti mbele yake, akiwa na mwiko mkononi, akamkumbatia miguu ile yenye vumbi. Kwa miaka yote alijua kwamba harusi yake ilikuwa ya watu wanane. Alikuwa ameikumbuka kwa shukrani, lakini pia kwa upweke kidogo, kama mtu aliyekula peke yake gizani. Sasa alitoka nje, akatazama ule uwanja, akaanza kuwauliza mmoja mmoja. Bwana Désiré alisema kule kwao Kama waliitika vilevile, wachimbaji wameshika makoleo. Mzee mmoja wa Kasongo alisema kwao betri ilikufa kabla ya dua, nao wakabishana wiki nzima kama bwana harusi alikubali au hakukubali.

"Nilikubali!" Sudi alisema kwa nguvu, na uwanja mzima ukacheka.

Muzee Assani alikaa kwenye kiti cha mbele, sahani magotini, hajui ashike mkono upi kwanza. Walikuja kumsalimu kama mtu aliyewaozesha wote. Alikula. Alikula sahani mbili, akaomba ya tatu, akasema mchele ni wa Kibombo, hiyo anaijua, lakini aliyeupika ameweka karafuu nyingi.

Ngoma ilipigwa mpaka jua lilipoanza kuchoka. Célestin aliombwa aseme neno. Alisimama, akasafisha koo, sauti ile nzito ikatoka, akasema alifanya kazi ile miaka kumi na sita, alitangaza misiba asiyoweza kuihesabu, na usiku mwingine bado anaisikia. "Mukiniuliza kwa nini sikuacha," alisema, "nitawaonyesha hawa wawili." Akakaa haraka.

Kesho yake asubuhi Jeannette alikuwa uani pamoja na Aïcha, wamekaa juu ya vigoda, wanakwangua ukoko kwenye masufuria makubwa na kuula, kama dada wawili. Alikaa siku tano. Alimwonyesha Aïcha namna ya Punia ya kupika uyoga, akamtembelea Déborah, akashindwa kabisa kumfundisha Muzee Assani kucheza karata. Sudi alitengeneza pikipiki iliyomleta, akabadilisha minyororo na taa, akamwambia dereva akimwangusha tena mama huyu asirudi Kindu.

Siku hizi Jeannette hupiga simu kila Ijumaa. Mtandao wa Punia ni mbaya. Sauti inakwenda na kurudi. Aïcha humwacha mteja sokoni na kopo la mchele mkononi, akasogea pembeni pasipo na kelele, na mteja wa Mama Kibombo anajua kungoja.